Cahit Berkay: kutoka rock hadi filamu, ilikuwaje?

Swali: Wadau, jana usiku nimerudia kutazama filamu ya Kituruki, Selvi Boylum Al Yazmalım. Kituruki sijui, lakini muziki ulinitosha. Nasikia mtunzi wake alikuwa mpiga gitaa wa rock. Kweli?

Jibu: Kweli kabisa. Cahit Berkay ni mmoja wa waliounda Moğollar mwaka 1967, bendi iliyochanganya gitaa la umeme na bağlama, ala ya nyuzi ya vijijini Anatolia, Uturuki. Mwaka 1971 wakapata tuzo ya Académie Charles Cros kule Ufaransa. Katikati ya miaka ya 70 bendi ikasambaratika, jamaa akazama kwenye filamu za Yeşilçam, yaani tasnia ya filamu ya Uturuki ya enzi hizo.

Jibu: Mtafute akipiga yaylı tambur, ala ya nyuzi ya Kituruki. Shingo ndefu ajabu, anaisimamisha gotini na kuisugua kwa upinde taratibu. Inalia kama mtu anayejizuia kulia. Mimi hapo ndipo aliponinasa, rock yake hata sikuijua (msinipige mawe).

Muuliza: Hahaha, umesamehewa. Kwa hiyo bendi ndiyo basi tena?

Jibu: Wapi! Walirudi 1993, naye yumo.