Mhariri wa filamu ya makala ana haki ya kupanga upya maneno ya mtu?

Wadau, tukijadili filamu za makala zinazogusa mauaji na ukatili, sifa na lawama zote humwendea mwongozaji. Mhariri, ambaye ndiye huamua sentensi ipi ibaki na ipi itupwe, hata jina lake hatulijui. Leo naomba tumjadili yeye.

Mfano ninaoutumia ni The Jinx, filamu ya makala ya vipindi kadhaa ya mwongozaji Andrew Jarecki, iliyorushwa na kituo cha televisheni cha HBO cha Marekani mwaka 2015. Robert Durst, tajiri wa Marekani aliyeshukiwa kwa mauaji, anamaliza mahojiano na kuingia msalani huku maikrofoni yake ikiwa bado inarekodi. Anajisemea peke yake. Watazamaji tulimsikia akijiuliza amefanya nini, kisha akijijibu kwamba amewaua wote, bila shaka. Filamu ikaishia hapo, dunia ikapigwa na butwaa.

Mwaka 2019, maandishi ya rekodi nzima yalipofika mahakamani, ikabainika kuwa hakusema kwa mpangilio ule. La kuua lilitangulia. La kujiuliza lilikuja baadaye, na katikati kulikuwa na maneno mengine ambayo sisi hatukuyasikia.

Wanaowatetea waliotengeneza filamu wana hoja. Maneno ni yake mwenyewe, rekodi kamili walikabidhiwa wapelelezi, na mwaka 2021 Durst alitiwa hatiani kwa kumuua rafiki yake, Susan Berman. Sasa tatizo liko wapi?

Kwangu liko palepale. Kufupisha ni kazi halali ya mhariri, ingawa nayo ina hila zake. Mtu akisita kabla ya kujibu, ukakata ule ukimya na kufunika mkato kwa picha ya mikono yake, aliyekuwa akibabaika sasa anaonekana alikuwa na jibu tayari. Hilo hufanyika kila siku na wengi tumelizoea. Lakini kuchukua maneno mawili yaliyokuwa mbalimbali, ukayageuza yawe swali na jibu, huko ni kumtungia mtu mazungumzo. Ubaya zaidi, unawapa mawakili wake pa kushikia, na wa Durst hawakuiacha nafasi hiyo. Rekodi ilivyokuwa ilikuwa nzito vya kutosha.

Panaponitatiza ni kwa waathirika. Aliyepitia ukatili mara nyingi hasimulii kwa mfuatano: anaanzia katikati, anarudi nyuma, anaruka. Ukimwacha hivyo, watazamaji watasema anajichanganya, pengine anadanganya. Ukimpanga, umeingiza mkono wako kwenye ushahidi wake. Mimi ningempanga, kisha ningemwonyesha kabla filamu haijatoka na kumsikiliza akisema "hapa sivyo". Najua wapo waongozaji wasiotaka hata kulisikia hilo, eti ukimwonyesha mhusika umempa mkasi. Lakini huyu si Durst, na sioni kwa nini sheria iwe moja kwa wote wawili.

Nyie mnaokaa kwenye meza ya uhariri, mnafanyaje? Na watazamaji, mngependa kuambiwa kwamba mpangilio umebadilishwa, au mkiambiwa ndiyo mnazima kabisa?