Fomu inauliza "uhusiano na mgonjwa". Niandike nini?

Pembeni ya Kitanda ameandika:

Habari zenu ndugu. Nimesoma humu kimyakimya kwa muda mrefu, leo nimeshindwa kunyamaza. Naombeni mnisome hadi mwisho.

Nina miaka 29, mchumba wangu ana 33. Tuko pamoja mwaka wa nne sasa. Kabila si moja, dini si moja, na lugha ya kwao siijui zaidi ya salamu. Sisi wawili tunaongea lugha ya shule na ya kazini na hatujawahi kupungukiwa maneno. Ugumu ulikuwa kwa wazazi, pande zote mbili, na ulikuwa umeanza kulegea. Baba yangu alishafikia hatua ya kupokea simu yake. Mama yake alishafikia hatua ya kuniuliza kama nimekula.

Mwaka jana akaanza kuvimba miguu. Anaamka uso umejaa, ngazi chache tu anahema, chakula kinamtia kichefuchefu. Tulidhani ni uchovu wa kazi. Alipopimwa, presha ilikuwa juu mno, na daktari akatuambia figo zake zinafanya kazi chini ya asilimia 15. Presha ilikuwa imezila taratibu kwa miaka bila yeye kuhisi chochote. Sasa anasafishwa damu mara tatu kwa wiki, na kila mara analala kwenye mashine kwa muda wa saa nne.

Kuna jambo sikulitegemea kabisa. Kila nilipokaa na mama yake, mkalimani alikuwa yeye. Mama akisema neno kali, lilinifikia limelainishwa. Mimi nikijibu bila kujua adabu za kwao, jibu langu lilifika kwa mama likiwa na adabu zote. Miaka yote hiyo niliamini mimi na mama tunaelewana, kumbe kila mmoja alikuwa anaelewana na yeye. Sasa mkalimani ndiye mgonjwa. Akitoka kwenye mashine hana nguvu ya kufungua kinywa, na mimi na mama yake tunabaki huku na huku ya kitanda, tunaitazama ile mirija.

Mkono wake wa kushoto una fistula, yaani pale walipounganisha ateri na vena ili sindano za mashine zipate mshipa mkubwa. Ukiweka vidole juu yake unausikia mtetemo, kama nyuki uliyemfumbata kiganjani. Nesi alinifundisha kuukagua asubuhi na jioni, na akanionya kwamba siku ukinyamaza ni kwenda hospitali saa hiyohiyo. Nikamfundisha mama kwa ishara. Nilivichukua vidole vyake nikaviweka pale. Akashtuka, akauondoa mkono, kisha akaurudisha mwenyewe, akakaa hivyo muda mrefu.

Wiki tatu zilizopita alizidiwa usiku, maji yamejaa kwenye mapafu. Niliyekuwa naye ni mimi. Mapokezi wakanipa fomu. Jina, umri, kundi la damu, dawa anazotumia, vyote nikajaza. Nikafika kwenye "uhusiano na mgonjwa", nikaandika mchumba. Aliyeipokea akasema mchumba si ndugu, tusubiri ndugu. Mama na kaka yake walipofika, daktari akawaita ndani, mlango ukafungwa. Nikabaki kwenye benchi nimepakata mfuko wa dawa ambazo ni mimi peke yangu ninayejua ipi inanywewa saa ngapi.

Halafu kuna hili la figo. Kaka yake ana sukari, hawezi kutoa. Mama yake ni kundi B, yeye ni A. Mimi ni O. Nilikwenda kupima bila kumwambia mtu. Nilipomfikishia mama habari kupitia kwa kaka, alikaa kimya, kisha akasema sentensi moja ambayo kaka alisita kuitafsiri: "Deni kama hilo tutalilipaje?" Kwetu hawajui kama nimepima, lakini shangazi alishaniuliza kwa kubahatisha, "Wakikuacha kesho, figo utaidai?" Na mchumba wangu mwenyewe ananigeuzia mgongo, anautazama ukuta, ananiambia niende nikaolewe na mtu mwenye afya.

Siulizi kama niondoke. Siondoki. Nauliza mtu ambaye familia mbili hazijamhesabu anasimamaje pale. Na kama kuna aliyepitia suala la figo, anieleze. Na ule mstari wa fomu, niandike nini?

Baba Wawili ameandika:

Binti yangu, pole sana. Nilioa mwanamke wa taifa jingine na lugha nyingine. Saratani ya titi ilimchukua tukiwa na miaka kumi na moja ya ndoa.

Hilo la mkalimani limenichoma. Dada zake walikuja kumuuguza, na usiku walikuwa wanazungumza kwa sauti ya chini chumba cha pili. Nilidhani wanaomba. Baada ya msiba ndipo nikajua walikuwa wanabishana kama wamrudishe akazikwe kwao, na kwamba yeye mwenyewe alishawajibu, akisikika kutoka kitandani, kwamba anataka kulala karibu na wanawe. Maneno hayo aliyasema nikiwa nimemshika mkono. Sikuelewa hata moja. Miaka kumi na moja, binti yangu, na sikujifunza lugha yake kwa sababu yeye aliijua yangu.

Kwa hiyo chukua daftari leo. Gawa ukurasa katikati, upande wako na upande wa mama. Anza na maneno ya ugonjwa: anaumwa, amelala, amekunywa dawa, ana baridi. Usimtumie kaka. Kaa na mama mwenyewe, mwonyeshe kwa kidole, akutamkie, umtamkie.

Na jambo la pili, mchumba wako aandike kwa mkono wake, akiwa na akili timamu, kwamba anakuruhusu kupewa taarifa zake na kusikiliza pale daktari anapozungumza. Atie sahihi, karatasi iwekwe kwenye faili lake. Asiishie kusema kwa mdomo. Siku akizidiwa, mdomo huo hautakusaidia.

Nimeshavuka ameandika:

Dada, nitasema lisilopendeza na nalisema kwa upendo. Nilimuuguza mchumba mwaka mmoja na nusu. Alipopona, kwao wakamtafutia mke wa kwao, naye akakubali. Kumuuguza sijutii hata siku moja. Ninachojutia ni kwamba niliwaficha wazazi wangu kila kitu, hivyo nilipoachwa sikuwa na mtu wa kumwambia nimeachwa.

Umekosea kupima kwa siri. Siku ya upasuaji vitanda vitakuwa viwili. Ndugu zake watakaa kwake, ni haki yao. Kwako atakaa nani? Nani atakushika mkono unapoinuka mara ya kwanza na mshono? Kama jibu ni hakuna, hujawa tayari, hata kama damu imekubali. Nenda kwa mama yako kwanza.

Nesi wa Zamu ameandika:

Mtoa mada, nimefanya kazi chumba cha kusafishia damu miaka mingi. Mtetemo umeuelewa vizuri kuliko wengi. Ongeza haya: mkono huo usipimwe presha, usitolewe damu ya vipimo, wala asiulalie.

Kuhusu figo, kundi O ni mlango wa kwanza tu. Watapima kama damu yake ina kingamwili zinazoshambulia seli zako, na wakikuta zipo inaweza kuishia hapo. Kisha watakupima wewe figo, presha, sukari, moyo, na utakaa na mtu wa kuzungumza nawe faragha ili ajue unatoa kwa hiari. Omba daktari wako mwenyewe, asiwe yule anayemtibu mchumba wako. Na unayo haki ya kughairi hata asubuhi ya upasuaji. Vituo vingi familia itaambiwa tu kwamba hufai kitabibu, basi.

Watu wengi wanaamini figo lazima itoke kwenye damu ya ukoo. Imani hiyo ina chanzo. Upandikizaji wa kwanza uliofanikiwa, Boston, Desemba 1954, uliofanywa na timu ya Joseph Murray, ulikuwa kati ya mapacha wa kufanana, kwa sababu wakati ule hapakuwa na dawa za kuuzuia mwili kukataa figo ya mtu mwingine. Leo dawa zipo, na nimeona wake wakiwapa waume zao, waume wakiwapa wake, na figo ikafanya kazi vizuri. Ila atazinywa kila siku muda wote figo hiyo ikiwa hai mwilini, na hata ikidumu miaka mingi, kuna siku inaweza kuchoka. Hapo atarudi kwenye mashine au atahitaji nyingine. Mjue hilo wote wawili.

Wewe ni msichana, kwa hiyo naomba hili lisikupite. Mwanamke aliyetoa figo akipata mimba baadaye, uwezekano wa kupata presha ya mimba, au hali inayotangulia kifafa cha mimba (priklampsia), unaongezeka. Wengi hujifungua salama, lakini uliza mapema, usiambiwe ukiwa na miezi saba.

Na kuhusu mchumba kuwa si ndugu, miongozo ya Shirika la Afya Duniani ya mwaka 2010 inasema mtoaji aliye hai kwa kawaida awe na uhusiano wa damu, wa kisheria au wa kihisia na anayepokea. Wa kihisia umo, umeandikwa. Lakini kila nchi ina sheria yake. Nyingine haziwakubali wachumba, nyingine zinataka kamati ihakikishe hakuna fedha wala shinikizo. Uliza hospitali yako kabla hujapima kipimo kingine.

Pembeni ya Kitanda ameandika:

Nawashukuru sana, nimesoma kila neno. Nimeshavuka, nilikwenda kwetu jana usiku nikamwambia mama yangu yote, hata la kupima. Alilia, kisha akaniuliza mshono wake huwa mrefu kiasi gani. Baba hajanisemesha bado.

Baba Wawili, daftari nimelianza. Nilimwonyesha mama wa mchumba wangu ukurasa nikiwa nimeandika upande wangu "maumivu". Akatikisa kichwa. Akagusa koo lake, akanitamkia neno, akanifanya nilirudie mpaka likakaa. Kiu. Hilo ndilo neno la kwanza alilotaka nilijue.

Nikamwita kaka atusaidie kidogo, na tukagundua kitu. Daktari alishasema maji kwa siku yasizidi chupa moja ndogo, na mimi nilichora mstari kwenye chupa. Mama aliambiwa tu "asinywe sana". Usiku mwanawe alikuwa anamlilia maji, na yeye alikuwa anaamka anampa. Ile safari ya hospitali ya wiki tatu zilizopita ilitokana na hapo. Kaka alipomaliza kumweleza, mama alikaa chini sakafuni. Sikujua niseme nini kwa lugha yoyote. Nilikaa naye. Mimi nilikuwa nimechora mstari bila kumwonyesha, nikidhani mstari unajieleza.

Siku hizi anamwekea vipande vidogo vya barafu, anavihesabu, na vikiyeyuka vinahesabiwa kwenye chupa.

Mama Mgonjwa ameandika:

Mwanangu, mimi niko upande wa huyo mama. Mkwe wangu alitaka kumpa mwanangu figo, nikakataa. Watu walidhani simpendi. Niliogopa kuwapoteza wote wawili meza moja, halafu mama yake aniulize binti yake nimempeleka wapi. Usilisikie neno "deni" kama dharau. Wakutanishe mama hao wawili kabla ya madaktari.

Pembeni ya Kitanda ameandika:

Ndugu zangu, nimerudi baada ya siku tisa.

Juzi saa kumi na moja alfajiri simu iliita. Ni mama yake, ambaye hajawahi kunipigia. Akaniambia kwa lugha yangu, neno moja moja, "Mkono umenyamaza." Yote mawili yametoka kwenye daftari letu. Nikamwambia waende, tukutane huko.

Nilipofika walikuwa mapokezi, yeye ameegemea ukuta, mama kashika fomu asiyoweza kuisoma. Akanipa pamoja na kalamu. Nikajaza jina, umri, kundi la damu. Kwenye mstari ule nikasimama, nikamtazama. Kaka alikuwa bado njiani, hivyo hapakuwa na wa kututafsiria. Mama akautazama mstari, akanitazama, akaligusa daftari lililochungulia kwenye mkoba wangu, kisha akagonga fomu kwa kidole mara mbili.

Nikaandika mchumba. Dada wa mapokezi alipouliza ndugu ni yupi, mama alinishika kiwiko akanisogeza mbele yake.

Waliliondoa donge la damu, njia ikafunguka. Kipimo changu kinachofuata ni wiki ijayo, na safari hii mama yangu amesema atanisindikiza. Nesi wa Zamu, nimeandika maswali ya mimba kama ulivyoniagiza. Leo jioni nimeweka vidole, nyuki yupo.