Sarah Josepha Hale: mjane mwenye watoto 5 aliwezaje kuhariri jarida la wanawake karibu miaka 50?

MwanaKilosa

Habari zenu wadau. Kikundi chetu cha akina mama hapa Kilosa kina kijarida cha kurasa nane kinachotoka kila baada ya miezi mitatu, na tangu mwaka jana mhariri ni mimi. Kuna mvutano. Anayetulipia uchapaji ni mwenye duka la vitenge, na yeye anataka mishono na mapishi tu kwa sababu ndivyo vinavyomletea wateja. Wanachama wenzangu wanataka habari za mikopo, mirathi na mashamba. Wote wananijia mimi.

Katika kutafuta waliofanya kazi hii kabla yetu, nimekutana na jina la Sarah Josepha Hale, Mmarekani wa karne ya 19. Nilichosoma kinanichanganya. Kuna wanaomsifu mno, na kuna wanaosema alipinga wanawake kupiga kura. Anayemjua vizuri naomba anieleze: mama huyu alifikaje kwenye kiti hicho, na nguvu yake ilitoka wapi hasa? Nataka aliyoyafanya, sifa zake nimeshazisoma.

ShangaziMhariri

Mwanangu, mimi nimezeekea kwenye kurasa za wanawake za gazeti moja la Dar, na Hale nimemfuatilia kwa sababu mvutano unaousema ndio aliouishi. Nitakueleza kwa kirefu kidogo, nivumilie.

Alizaliwa 24 Oktoba 1788 huko Newport, New Hampshire. Vyuo havikupokea wasichana. Kaka yake Horatio alikuwa akisoma chuo cha Dartmouth, na kila akirudi likizo alimfundisha dada yake aliyofundishwa yeye, Kilatini na falsafa pia. Sarah akawa mwalimu, na mwaka 1813 akaolewa na mwanasheria David Hale. Wawili hao walikuwa na desturi ninayoipenda sana: kila siku kuanzia saa mbili usiku hadi saa nne walikaa pamoja kusoma na kuandika. Yaani ndoa ndiyo iliyokuwa chuo chake.

Mwaka 1822 mume akafariki kwa nimonia, na Sarah ana mimba ya mtoto wa tano. Akavaa nguo nyeusi, hakuzivua tena mpaka alipokufa. Alijaribu biashara ya kofia pamoja na wifi yake, lakini moyo wake haukuwa huko. Freemason wenzake marehemu wakamsaidia kuchapisha kitabu cha mashairi mwaka 1823, kisha mwaka 1827 akatoa riwaya yake, *Northwood*. Riwaya hiyo ndiyo iliyomvutia mchungaji wa Boston, John Blake, aliyekuwa akitafuta mtu wa kuhariri jarida jipya la wanawake. Mwaka 1828 Hale akahamia Boston na mtoto wake mdogo, wakubwa akawaacha kwa ndugu. Mama yeyote anayesoma hapa anajua uamuzi wa namna hiyo unavyouma.

Sasa nguvu yake. Majarida mengi ya Marekani wakati ule yalijazwa vipande vilivyokatwa kwenye magazeti ya Uingereza, bila malipo, mara nyingi bila hata jina la mwandishi. Hale akakataa. Alitaka maandishi mapya, ya watu wa nchi yake, na pale waandishi walipokosekana aliandika mwenyewe, tahariri, hadithi, mashairi, hata uhakiki wa vitabu. Mwaka 1837 Louis Godey wa Philadelphia akalinunua jarida hilo, akaliunganisha na la kwake, na Hale akawa mhariri wa *Godey's Lady's Book*. Hakuhama mara moja. Alibaki Boston wakati mwanawe mdogo, William, akisoma Harvard, na mpaka mwaka 1841 alihariri jarida la Philadelphia kwa njia ya posta.

Huyo Godey ndiye mwenye duka lako la vitenge. Alijua kwamba kinachouza ni picha za mitindo ya mavazi. Aliajiri wanawake wapatao 150 wa kuzitia rangi kwa mkono, nakala baada ya nakala. Rangi moja ikiisha mpakaji anachukua nyingine, kwa hiyo majirani wawili waliweza kufungua toleo la mwezi mmoja, mmoja akaliona gauni lile lile la buluu na mwenzake la kijani. Hale hakuzipenda picha hizo. Aliona zinawafanya wanawake wa Marekani waige Paris kila mwezi. Lakini hakugombana na mwenye mali mpaka jarida life. Picha zikabaki kwake, na yeye akashika kurasa zilizobaki, hasa safu yake ya kila mwezi. Msomaji aliyenunua kwa ajili ya gauni alikuta ndani hadithi za Edgar Allan Poe, Nathaniel Hawthorne na Harriet Beecher Stowe, kisha akamkuta Hale akimwambia kwamba binti yake asomeshwe, kwamba wanawake wawe madaktari wa wanawake na watoto, na kwamba shule zinawahitaji wanawake walimu. Kufikia 1860 jarida lilikuwa na wanunuzi wapatao 150,000 kwa dola 3 kwa mwaka. Kabla ya vita vyao vya wenyewe kwa wenyewe hakuna jarida la mwezi lililolifikia.

Na hakuishia kwenye karatasi. Boston ilikuwa bandari, imejaa wake na wajane wa mabaharia. Walishona nguo za mabaharia kwa wenye maduka waliowalipa ujira usiotosha hata chakula. Mwaka 1833 Hale na wenzake wakaanzisha chama, Seaman's Aid Society, wakafungua duka lao wenyewe la nguo hizo na kuwalipa washonaji ujira wa haki. Angeweza kuwagawia unga na kuni akasifiwa kwa wema. Yeye alitazama nani anashona, nani anauza, na fedha inapotelea wapi kati yao. Kila nikisoma habari hiyo nafikiria akina mama wa vikundi vyetu wanaosuka mikeka na kuiuza kwa bei ya kutupa.

Kisa cha mnara wa Bunker Hill, wa kukumbuka pigano la vita vyao vya uhuru pale Boston, nakipitia haraka: wanaume waliuanza, fedha zikawaishia, ukakaa nusu. Alipopendekeza wanawake wachangishe, alibezwa. Mwaka 1840 wanawake wakaendesha maonesho ya mauzo Boston kwa siku saba, wakapata zaidi ya dola 30,000, na mnara ukaisha.

Mdau wa Tanga

Shangazi shikamoo. Umeeleza vizuri, lakini kuna kitu kikubwa umekiruka. Nchi yake ilikuwa na mamilioni ya watumwa. Vita vya 1861 hadi 1865 viliua mamia ya maelfu ya watu. Jarida lenye wasomaji wengi kuliko yote lilisema nini? Mimi nimesoma kwamba lilinyamaza kabisa. Sasa kama mhariri ana nguvu zote hizo na ananyamaza kwenye jambo zito kuliko yote, tumsifu kwa lipi?

ShangaziMhariri

Marahaba mwanangu. Hoja yako ni ya haki na nilikuwa naijia.

Ni kweli. Godey alipiga marufuku siasa, alikuwa na wanunuzi wengi majimbo ya Kusini, yaliyoshikilia utumwa, na hakutaka kuwapoteza. Mwandishi mmoja mwanamke aliyetumia jina la Grace Greenwood alikuwa ametajwa kama mhariri msaidizi. Kusini wakalalamika kwamba anaandikia gazeti linalopinga utumwa, na mwaka 1850 Godey akaliondoa jina lake. Vita vikapiganwa miaka minne, msomaji anaendelea kupelekewa magauni na ramani za nyumba.

Usimtwishe Godey lawama zote. Hale mwenyewe hakuupenda utumwa, lakini dawa aliyoiona ni kuwapeleka watu weusi Liberia. Aliandika kitabu kizima juu ya hilo mwaka 1853. Watu waliozaliwa Marekani, waliolima na kujenga huko huko, yeye aliwatafutia makao ng'ambo ya bahari badala ya haki zao pale walipo. Hapo simtetei hata kidogo. Binti yetu wa Kilosa akiandika habari zake, hili lisikae kwenye mstari wa mwisho, likae katikati ya makala.

Na kura, ndiyo, aliipinga. Aliamini mwanamke anaibadilisha nchi kupitia nyumba, shule na hospitali, na kwamba siasa zitamchafua. Wakati huo huo chuo cha wanawake cha Vassar kilipokuwa kinaanzishwa alishinikiza wanawake waajiriwe kufundisha pale. Mtu mmoja, kalamu moja. Mimi naona alipigania kila mlango ambao yeye mwenyewe alihitaji kuupita, elimu, kazi, ujira, na milango ambayo hakuihitaji hakuiona. Wahariri wengi niliofanya nao kazi walikuwa hivyo hivyo, nao walikuwa watu wema.

Mtanzania_Ohio

Salamu kutoka Columbus. Mimi nataka kuongeza la Sikukuu ya Shukrani (Thanksgiving), maana huku kila Novemba tunafunga kazi na Watanzania tunakusanyika, bata mzinga upande huu na pilau upande ule, na karibu hakuna anayejua kwamba siku hiyo ina jasho la mhariri wa jarida. Shangazi, hilo hukuligusa.

Jingine: kile kiwimbo cha Kiingereza cha Mary na mwanakondoo wake, ambacho watoto wetu wa chekechea wanakiimba Dar na Nairobi, ni yeye aliyekichapisha, mwaka 1830. Thomas Edison alipojaribu mashine yake ya kunasa sauti mwaka 1877, maneno aliyoyasema ni ya kiwimbo hicho. Na Desemba ya mwaka huo huo ndipo Hale alipoaga wasomaji wake, ana miaka 89. Alifariki Aprili 1879.

ShangaziMhariri

Ahsante mwanangu wa Ohio, la Shukrani nilikuwa nimeliwekea nafasi yake, kwa sababu kwa mhariri ndilo lenye mafunzo mengi kuliko yote.

Siku ya shukrani ilikuwepo tangu zamani kwenye majimbo ya Kaskazini Mashariki, kila jimbo na tarehe yake. Hale alitaka iwe moja kwa nchi nzima, Alhamisi ya mwisho ya Novemba. Kuanzia mwaka 1846 akaanza kuandika. Akaandika tena mwaka uliofuata, na uliofuata. Tahariri jaridani, na pembeni barua kwa magavana, mmoja mmoja, kwa mkono. Rais Taylor, Fillmore, Pierce, Buchanan, wote wakapita. Tarehe 28 Septemba 1863, katikati ya vita, akamwandikia Abraham Lincoln. Tarehe 3 Oktoba Lincoln akatoa tangazo. Miaka 17 ya ombi moja lisilobadilika, lenye tarehe ndani yake. Hakuomba watu "washukuru zaidi". Aliomba Alhamisi fulani ya mwezi fulani, itangazwe na mtu fulani mwenye mamlaka ya kuitangaza. Na kila ombi lilipotoka jaridani, gavana anayelisoma alijua mke wake pia amelisoma.

Nimeona kampeni nyingi za kurasa za wanawake zikifa kwa sababu mhariri alichoka kabla msomaji hajalizoea jambo. Toleo moja ukatili, jingine mikopo, jingine usafi wa mazingira, na ofisi husika inakaa kimya ikijua mwezi ujao utahamia kwingine.

MwanaKilosa

Shangazi, shikamoo, na ahsanteni wote. Mdau wa Tanga, swali lako limenisaidia zaidi ya unavyodhani, nitaliandika kama alivyosema Shangazi.

Nimefikiri hivi. Jalada na kurasa za nyuma namwachia mwenye vitenge, apange mishono yake. Kurasa nne za katikati ziwe zetu. Na ombi letu liwe moja: shamba linalolimwa na mke na mume, hati ya kimila iandikwe majina yote mawili. Sheria ya ardhi ya vijiji ya 1999 inampa mwanamke haki sawa na mwanamume, lakini kwetu karatasi nyingi bado zina jina la baba peke yake. Tatizo langu ni waandishi. Akina mama wana mambo mazito lakini wanasema hawajui kuandika.

ShangaziMhariri

Marahaba. Ombi ni zuri na linashikika. Lielekeze kwa halmashauri ya kijiji, kwa sababu maombi ya hati yanaanzia hapo, na ulirudie kila toleo mahali pale pale kwenye ukurasa, ili msomaji ajue pa kulitafuta.

Kuhusu waandishi, usiwaombe waandike. Nenda na daftari wakati wanapalilia au wanapukuchua mahindi, mmoja akueleze alivyopata hati au alivyoikosa, andika kwa maneno yake, kisha umsomee kabla hujachapa. Jina lake liwekwe juu ya habari kwa herufi zinazoonekana, isipokuwa kama kutajwa kutamletea shida nyumbani. Na mlipe, hata kama ni kilo ya sukari. Umwambie mwenye vitenge kwamba sukari hiyo iingie kwenye gharama za uchapaji. Toleo likitoka nitumie picha ya kurasa hizo nne, nitakurudishia zikiwa na alama za kalamu nyekundu.