KANYWE SODA MZEE! Mbele ya wakwe zangu!

Wakuu, nimetoka msibani sasa hivi, hata viatu sijavua. Vidole vinatetemeka, herufi zikiruka mtanisamehe.

Simtaji. Mnamjua. Yule wa saruji na mabati aliyehamia kwenye siasa.

Nimembebea huyo mtu mifuko ya kilo 50 miaka 9. Fuso ikiingia saa nane usiku, anayeshusha ni mimi. Nilikuwa narudi nyumbani mweupe mpaka mwanangu analia akidhani mzimu. Enzi hizo duka ni kontena moja, bosi anakalia ndoo ya rangi, anakula mihogo yangu, MIHOGO YANGU, ananiita kaka.

Leo kashuka kwenye V8, nyuma zimefuata nyingine mbili, vumbi lote likaishia kwenye sufuria la pilau. Anapita anapeana mikono. Mama mkwe yuko kushoto kwangu, mashemeji wanne kulia, na hao wote nimeshawaambia mara mia kwamba huyu bwana ni kama tumbo moja na mimi. Nikasimama. Nikapanua mikono nimkumbatie.

Kachomoa elfu mbili. "Kanywe soda, mzee."

Mzee! Kanizidi miaka 6!

Noti yenyewe imekunjwa mara nne, imelainika kama kitambaa cha kufutia meza. Wakati wa kampeni alikuja kwangu akaosha vyombo, akang'ang'ania sufuria ambalo mke wangu keshaliosha, ili apigwe picha. Leo kanywe soda. Mama mkwe kaniinamia taratibu: "Mkwe, huyo ndugu yako macho yanamsumbua?"

Sina hoja, msinidai hoja. SODA!

Kahawa Chungu: Pole mkuu. Ila mikono ulipanua kweli? 😂 Ikabaki hewani?

Mleta uzi: Ilibaki. Nikajifanya najinyoosha.

Binti Kanga: Swali dogo tu. Hiyo elfu mbili uliirudisha?

Mleta uzi: Hilo siyo suala la uzi huu.

Kahawa Chungu: KAINYWA HUYO! Tena ya baridi!

Babu wa Kijiweni: Tuliyataka wenyewe. Azimio la Arusha la 1967 lilimkataza kiongozi kuwa na hisa kwenye kampuni, kuwa na mishahara miwili, hata nyumba ya kupangisha. 1991 kule Zanzibar CCM wakalegeza, mwenye duka akaingia kwa mlango wa mbele.

Bajaji Na. 7: Shikamoo babu. Ila enzi zenu si mlipanga foleni ya sabuni?

Babu wa Kijiweni: Marahaba. Tulipanga. Lakini muuza sabuni hakuwa ndiye mtunga sheria.

Bajaji Na. 7: Babu, muuza sabuni ilikuwa serikali yenyewe 😂😂

Wakili wa Mtaa: Kumbukeni takrima, ule "ukarimu" wa mgombea kwa wapiga kura. Iliingizwa kwenye sheria ya uchaguzi 2000, Mahakama Kuu ikaifuta 2006. Siku hizi inaitwa kanywe soda.

Kiroba Kitupu: Nyie mnalalamikia elfu mbili? Wa kwetu aliahidi kisima, na kisima kachimba kweli. Kiko ndani ya uzio wa gesti yake. Tunakichungulia.

Mama Vitumbua: Wa kwetu ana mabasi. Zinapopita basi zake pana lami. Njia ya zahanati tunapandisha magauni.

Kahawa Chungu: Msiwachanganye wote. Mo Dewji alikuwa mbunge wa Singida Mjini 2005 mpaka 2015, akaaga, akarudi kwenye viwanda vyake.

Kiroba Kitupu: Wa kwetu arudi wapi? Duka alimwachia shemeji, na shemeji kalila lote, zimebaki rafu.

Mama Vitumbua: Shemeji wa kwenu huyo ana pikipiki nyekundu? Ananidai mimi nimdai vitumbua vya 40!

Kiroba Kitupu: Anakudai au unamdai?

Mama Vitumbua: Namdai! Hasira hizi.

Mleta uzi: Jamani turudi kwenye mada. MBELE. YA. WAKWE.

Fundi Paa: Tuko pamoja mkuu, inauma sana. Nje ya mada kidogo, bati geji 28 nafuu napata wapi mjini?

Kahawa Chungu: Kwa huyo huyo wa soda. Ukweli usemwe, bei yake haina mpinzani.

Fundi Paa: Anakopesha?

Binti Kanga: Anakopesha. Muulize mleta uzi, bati 14 hajalipa tangu masika ya mwaka juzi.

Mleta uzi: Wewe nani kakwambia?

Binti Kanga: Kaka, daftari nalishika mimi.

Fundi Paa: Dada, ya kijani mnayo?

Binti Kanga: Kijani imeisha. Bluu ipo. Wahi kabla ya saa kumi na moja, leo tunafunga mapema, bosi ana msiba.