Mrejesho: Dhamana ya kaka yangu katika kesi ya rushwa ya ajira, Kigoma

Ndugu zangu, niliuliza iwapo kaka yangu, anayeshtakiwa kuomba rushwa kwa mwombaji wa ajira serikalini, angepata dhamana. Nawashukuru kwa dhati mlionijibu. Nilifuata ushauri wa kuandaa mapema wadhamini wawili wenye vitambulisho vya NIDA na barua za mtendaji, na wakili akasimamia Ibara ya 13(6)(b) ya Katiba, kwamba mshtakiwa asitendewe kama mwenye kosa mpaka ithibitike, jambo ambalo naamini halimnyimi mwombaji yule haki yake. Mdhamini mmoja alikataliwa kwa kuwa picha kwenye barua yake haikugongwa muhuri, hivyo kaka alibaki mahabusu hadi tulipompata mwingine. Yuko nje sasa, ila haruhusiwi kutoka Kigoma bila kibali cha mahakama.