Daftari la Nyumba Kumi katika nyumba za bei nafuu: nani ana mamlaka ya kulidai?

Mkaazi wa Ghorofa ya Saba anauliza:

Wanajukwaa, hamjambo. Nilipata nyumba kupitia Boma Yangu, tovuti ya serikali ya kuombea nyumba, katika mmojawapo wa mitaa mipya ya nyumba za bei nafuu huku Eastlands, Nairobi, na karibu majirani zangu wote ni watu tuliokutana kwa mara ya kwanza siku ya kupokea funguo. Hivi majuzi watu wawili waliojitambulisha kuwa kamati ya Nyumba Kumi, ule mpango wa majirani kulinda usalama wa mtaa, walianza kupita mlango kwa mlango na daftari, wakiandika jina, nambari ya kitambulisho, mahali pa kazi na nambari ya simu ya kila mtu mzima anayelala ndani. Wanataka pia nakala ya kitambulisho na shilingi 200 za usalama kila mwezi, zitumwe kwa simu ya mmoja wao. Hatukuwahi kuitwa mkutano wa kuwachagua, na anayesitasita huambiwa kwamba jina lake litafika kwa chifu.

Siupingi ulinzi wa jamii; tumeshaibiwa mita za maji na betri ya pikipiki. Ninachotaka kujua ni iwapo kamati ya namna hii ina nguvu za kisheria, na kama haina, tuanzie wapi kuunda iliyo halali.

Wakili wa Mashamba na Majengo:

Ndugu, tuanze na pesa, kwa kuwa hapo jibu ni fupi. Kifungu cha 210 cha Katiba kinasema kwamba hakuna kodi au ada ya leseni itakayotozwa isipokuwa kwa mujibu wa sheria, na hakuna sheria inayoipa Nyumba Kumi uwezo wa kutoza chochote. Shilingi 200 hizo ni mchango wa hiari, labda kama ada ya usalama imo katika mkataba uliotia sahihi ulipochukua nyumba, na hata hapo ingelipwa kwa msimamizi wa mtaa, wala si kwa simu ya mtu.

Kuhusu mamlaka yenyewe, msingi wa polisi jamii ni Sheria ya Huduma ya Taifa ya Polisi ya 2011, kuanzia sehemu ya 96, inayozungumzia ushirikiano wa polisi na wananchi katika kutambua matatizo ya usalama na kuyatatua. Nyumba Kumi ilizinduliwa mwaka 2013, baada ya shambulio la kigaidi katika jengo la maduka la Westgate, kwa kuiga mfumo wa mabalozi wa nyumba kumi wa Tanzania, kwa hiyo hutalikuta jina hilo katika sheria hiyo. Ni utaratibu wa serikali unaopitia kwa chifu na mkuu wa kituo cha polisi, na wajumbe wake hawana nguvu za askari. Wanaweza kumkamata mtu pale tu ambapo raia yeyote angeweza, kwa mfano akitenda kosa kubwa mbele ya macho yao, na ni lazima wamkabidhi kwa polisi bila kuchelewa.

Daftari ndilo linalonitia wasiwasi zaidi. Sheria ya Ulinzi wa Data ya 2019 inataka taarifa zikusanywe kwa kusudi lililo wazi na zisizidi kusudi hilo. Jina, nambari ya nyumba na simu moja ya dharura vinaeleweka. Nakala za vitambulisho vya mtaa mzima zikikaa nyumbani kwa mtu asiyewajibika kwa yeyote, hizo ni mali ya thamani kwa tapeli wa laini za simu. Una haki ya kukataa kuitoa nakala hiyo, na mkilazimishwa, Kamishna wa Data hupokea malalamiko.

Mzee wa Mtaa, Umoja:

Wakili amesema ya sheria, lakini mimi ninayeamshwa saa nane za usiku nina la kuongeza. Wazee wa mtaa tumefanya kazi hii miaka mingi kwa kujitolea, na mara nyingi tunatumia simu na nauli zetu kumfuata chifu au polisi. Mwanangu, usimwone kila anayeshika daftari kuwa tapeli. Mtaa usiojua nani analala wapi ni mtaa wa kila mhalifu, na mpangaji anayekataa hata kutaja jina lake kwa jirani ananitia mashaka. Kitu nisichokubaliana nacho ni kuchaguana gizani. Mkamwone chifu, aitishe baraza hapo hapo mtaani, na mkuu wa kituo atume mwakilishi.

Mkaazi wa Soweto Mashariki:

Mzee wangu, kwa heshima, daftari peke yake halijui kitu. Kumbukeni shambulio la kigaidi la Riverside, Nairobi, la Januari 2019: mmoja wa washambuliaji alikuwa amepanga nyumba Muchatha, Kiambu, kama mpangaji mwingine yeyote, na siku chache kabla ya tukio vyombo vya nyumba hiyo vilitangazwa kuuzwa mtandaoni. Mpangaji kama huyo angeandikwa daftarini na nakala yake ya kitambulisho ingepokelewa. Jambo la ajabu lingeonwa na jirani anayemzoea, na mazoea hayo ndiyo yanayokosekana katika mitaa inayojazwa kwa mgao wa kompyuta.

Sisi wa Soweto Mashariki, huku Kibra, tulipitia upande wa pili. Mpango wa kuboresha mitaa duni, KENSUP, ulipotuhamishia nyumba 600 za muda za Lang'ata mwaka 2009, familia kadhaa ziligawana nyumba moja, kila moja na chumba chake, jiko na choo vikiwa vya wote. Ugomvi ulikuwepo, sitaki kudanganya, hasa juu ya bili za maji na stima. Hata hivyo wengi tulikuwa tumetoka kijiji kimoja, tukiwa na vyama vya ushirika wa nyumba tulimoweka akiba, na mtu akisikia mlango unavunjwa alijua ni wa nani. Nyumba 822 za Soweto Mashariki zilipokabidhiwa mwaka 2016, watu waliingia na mazoea hayo. Baadaye wengine walipangisha nyumba zao wakarudi vibandani, wageni wakaja, na usalama ukalegea ngazi kwa ngazi. Kwa maoni yangu, wanaopanga mgao wa nyumba wangewaachia watu waliozoeana waombe pamoja, hata wanane au kumi, wakae sakafu moja.

Mkaazi wa Ghorofa ya Saba:

Asanteni, hasa mzee. Swali dogo: kila sakafu yetu ina nyumba kumi na mbili, na ngazi ni mbili. Je, kamati ifuate sakafu au ngazi? Na akaunti ya michango ifunguliwe kwa jina gani, ikiwa hati za umiliki bado hazijatoka?

Wakili wa Mashamba na Majengo:

Fuateni ngazi, maana wanaotumia mlango mmoja wa chini ndio wanaoonana kila siku. Nyumba zikizidi kumi si hoja. Shirika la wamiliki chini ya Sheria ya Umiliki wa Sehemu za Majengo ya 2020 litakuja baada ya ramani ya jengo kusajiliwa. Kwa sasa jisajilini kama kikundi cha jamii chini ya Sheria ya Usajili wa Vikundi vya Jamii ya 2022, katika ofisi ya maendeleo ya jamii, mfungue akaunti yenye sahihi tatu, kisha mpeleke kumbukumbu za mkutano wa uchaguzi kwa chifu na nakala kwa mkuu wa kituo. Wale wawili waalikwe kwenye mkutano huo wagombee kama wengine, na waje na daftari pamoja na hesabu ya pesa walizokwisha kupokea.