Claymore kwa dabu ya Kiingereza: muziki unapasua spika, maneno hayasikiki

MwanaNgamiani (Tanga)
Shikamooni wakubwa, wengine mambo. Kuna Claymore ya 2007, anime (katuni ya Kijapani), vipande vyote 26, faili za mkv kwenye flashi. Inatakiwa ionyeshwe bandani hapa Ngamiani, TV ya inchi 43 na sabufa ya 2.1. Watazamaji Kiingereza cha kusikia wanakipata, ila kusoma sabtaito zinavyokimbia hawawezi, kwa hiyo lazima iwe dabu, yaani sauti za Kiingereza badala ya Kijapani. Shida ni hizi: TV inaanza na Kijapani kila kipande. Ukihamia Kiingereza, mapanga na ngoma vinatetemesha mabati, lakini mtu akiongea ni kama yumo ndani ya mtungi. Halafu mdomo unasema hivi, maandishi ya chini yanasema vile. Faili ni mbovu au ndivyo zilivyo? Na tukimaliza hii, tuwashe ipi?

FundiChuda
Faili nzima, mkuu. Angalia maelezo ya sauti: bila shaka Kijapani ni 2.0 (stereo, chaneli mbili) na Kiingereza ni 5.1 (chaneli sita). Kwenye 5.1 maneno karibu yote hukaa chaneli ya kati, muziki na vishindo vikagawanywa kushoto, kulia na nyuma. Kifaa kikizibana zote ziwe mbili, ile ya kati hushushwa desibeli 3 kisha inamwagwa juu ya muziki. Vifaa vingine vya bei nafuu vinachukua kushoto na kulia tu, ya kati vinaitupa. Hapo hata uongeze sauti mpaka mwisho, utaongeza ngoma.

Dawa ni kutengeneza stereo yako mwenyewe kwa ffmpeg, programu ya kompyuta ya kubadili faili za video kwa kuandika amri, chaneli ya kati uipe nguvu kuliko wenzake:

ffmpeg -i 01.mkv -map 0:v -map 0:a:1 -map 0:s -map 0:t? -c copy -c:a aac -b:a 192k -af "pan=stereo|FL<FC+0.6*FL+0.4*BL+0.4*SL|FR<FC+0.6*FR+0.4*BR+0.4*SR" 01_eng.mkv

Hesabu inaanzia sifuri, kwa hiyo a:1 ni sauti ya pili. Kama Kiingereza kwako ndicho cha kwanza, weka a:0, la sivyo utapata Kijapani kilichonyooka vizuri kabisa. BL na SL ziache zote mbili, maana faili nyingine huita chaneli za nyuma hivi na nyingine vile. Alama ya < usiibadilishe kuwa =, ndiyo inayozuia sauti isipasuke. Picha inanakiliwa tu, haiguswi, hivyo ubora haushuki na kazi haichukui muda.

Kwa kuwa Kijapani hakimo tena, shida yako ya kwanza imekufa hapo hapo. Kuna njia ya kubaki na sauti zote mbili na kuiwekea Kiingereza alama ya kuanza, lakini TV nyingi haziisomi. Usijisumbue.

BintiRaskazone
Upande wa maandishi: hayo yametafsiriwa kutoka Kijapani, dabu nayo ina maneno yake. Kijapani huweka kitenzi mwishoni mwa sentensi, na mwandishi wa dabu analazimika kuandika Kiingereza kinachoanza na kuisha pamoja na mdomo uliochorwa. Mhusika akifungua mdomo kwa sekunde mbili kusema neno ambalo Kiingereza chake ni "yes" tu, ataongezewa maneno mpaka mdomo ujae. Kwa hiyo hayawezi kulingana, na ukiyaacha yote mawili watu watachoka.

Mara nyingi ndani ya mkv mna sabtaito mbili. Ndefu ni ya maongezi yote. Fupi, yenye jina Signs, hutafsiri barua, majina ya miji na nyimbo tu. Hiyo fupi ndiyo yako. Kuitambua kwenye VLC bonyeza v kubadilisha: ikitoa kichwa cha kipande halafu ikanyamaza watu wakiongea, umeipata.

Ukiona maandishi yamepishana na picha kwa kiasi kilekile mwanzo hadi mwisho, g na h zinayasogeza milisekunde 50 kila mbonyezo. Yakizidi kutangulia kadiri kipande kinavyosonga, hadi dakika ya 24 yako mbele karibu sekunde 59, hayo yalipimwa kwa video ya fremu 25 kwa sekunde na picha yako ni 23.976. Hapo g na h hazisaidii. Fungua MKVToolNix, programu ya kupanga upya faili za mkv, kwenye sehemu ya kunyoosha muda andika 25025/24000.

Na uwaambie mapema watazamaji: hii si kama zile muvi za kutafsiriwa, za jamaa mmoja anayeongea juu ya sauti za wote na kutia vichekesho vyake. Dabu imefuta sauti za awali, kila mhusika ana mtu wake.

Mkwakwani_77
La kuwasha baadaye: Berserk ya 1997, vipande 25. Sauti ya Guts, mhusika mkuu, ni ya Marc Diraison, na sauti hiyohiyo utaikuta kwenye filamu tatu za 2012 na 2013. Ile ya 2016 sauti ni Kaiji Tang na uchoraji ni wa kompyuta, mbaya kwa macho yangu. Usianzie hapo. Lakini vipande vya mwisho vya 1997 vina ubakaji, si vya kuwasha saa kumi jioni watoto wanatoka madrasa.

Hellsing Ultimate, vipande 10, Crispin Freeman ndiye sauti ya Alucard, mhusika mkuu. Wahusika wengi ni Waingereza, kwa hiyo Kiingereza kinawakaa kuliko hata Kijapani. Castlevania ya 2017 (vipande 32, misimu minne) iliandikwa kwa Kiingereza tangu mwanzo. Kama ni anime au si anime, mtabishana wenyewe.

MwanaNgamiani
Kipande cha 01 maneno sasa yanatoka kifuani. Ila TV haionyeshi ile sabtaito fupi, kwenye kompyuta ipo.

FundiChuda
Ni ya ass, TV yako inataka srt; hizo ni aina mbili za faili za sabtaito. Kwenye amri ileile, baada ya -c copy ongeza -c:s srt. Maandishi yaliyokuwa juu ya barua huenda yakashuka chini, hilo vumilia. Ffmpeg ikigoma, basi sabtaito ni ya picha, si ya herufi, na haigeuzwi kwa njia hii.